Age of Mythology: Gemu Iliyogeuza Ngano Kuwa Kanuni

Wazee wetu mlioketi mbele, wazazi, walimu, na nyinyi vijana mliojaa hadi mlangoni: Asalaam aleikum, na wenye salamu nyingine, hamjambo nyote.

Gemu tunayoizungumzia leo imewazidi umri wengi wenu. Age of Mythology, gemu ya kompyuta ya kujenga mji, kukusanya mali na kupigana vita chini ya miungu wa kale, ilitolewa mwaka 2002 na Ensemble Studios ya Dallas, Marekani, chini ya Microsoft. Mwaka uliofuata ikapata nyongeza ya The Titans. Januari 2009 studio hiyo ilifungwa, na gemu ikabaki yatima. Hata hivyo ilirudishwa mwaka 2014 kwa jina la Extended Edition, mwaka 2016 ikaongezewa Wachina katika Tale of the Dragon, na Septemba 2024 ikatengenezwa upya kabisa ikaitwa Age of Mythology: Retold, kwa kompyuta na kwa Xbox. Machi 2025 ikafika kwenye PlayStation 5. Hapa Mombasa kuna watoto wanaoicheza ambao kaka zao wakubwa waliicheza saiba kwa kulipia dakika.

Picha nzuri haziwezi kueleza kwa nini gemu hii bado inachezwa. Picha za 2002 zilichakaa baada ya miaka michache, na watu wakaendelea kucheza. Kumbukumbu za utotoni nazo haziwezi kumshika kijana wa miaka kumi na minne ambaye hana kumbukumbu hizo. Sisi tunashikilia kwamba gemu hii inaishi kwa sababu watungaji wake walichukua ngano za kale na kuzigeuza kanuni za mchezo. Gemu nyingi huchukua ngano na kuzipaka juu, askari yule yule akavishwa pembe akaitwa pepo. Hapa ngano imeingia ndani, na ukibadilisha mungu unabadilisha namna unavyokula, unavyojenga na unavyokufa.

Neno moja kwa wazazi, kwani wasiwasi wenu tunaujua na tunauheshimu. Miungu inayotajwa humu ni ya Wagiriki, Wamisri na watu wa Skandinavia wa kale, na mtoto anakutana nayo kama anavyokutana nayo katika kitabu cha historia. Hakuna anayefundishwa ibada. Bado ni vyema mzazi akae ubavuni mwa mtoto angalau mara moja, amuulize Ra wa Wamisri ni nani na Odin wa Skandinavia ni nani, ajue mwenyewe kilichomo.

Tuanze na radhi, maana hapo ndipo ufundi unapoonekana wazi zaidi. Mali za gemu hii ni nne: chakula, mbao, dhahabu na radhi za miungu. Tatu za mwanzo zinakusanywa kama katika gemu yoyote ya mkakati wa wakati halisi, yaani ambayo wachezaji hutenda pamoja bila kungojeana zamu: mwanakijiji anawinda, anakata miti, anachimba mgodi. Ya nne inatofautiana taifa kwa taifa. Mgiriki huwatuma wanakijiji hekaluni kuomba, kwa hiyo kila anayeomba ni mkono mmoja uliotoka shambani. Tena kila mwombaji anayeongezeka huleta kidogo kuliko aliyemtangulia, ndiyo maana kurundika watu kumi hekaluni mapema ni hasara. Wawili au watatu wanatosha kumpata kiumbe wa ngano wa kwanza. Mmisri anajenga minara ya ukumbusho, mitano kwa jumla, kila mmoja ghali kuliko uliotangulia, na ikishasimama radhi zinaingia zenyewe. Yeye hulipa mali nyingi mwanzoni ili apumzike baadaye. Mtu wa Skandinavia hupata radhi zake nyingi kwa kupigana, na mashujaa wake huzileta zaidi ya askari wa kawaida. Akijifungia nyuma ya ukuta anakauka. Watu wa Atlantis, kisiwa cha ngano za Wagiriki, walipoingia mwaka 2003 katika The Titans, walizipata kutokana na vituo vya mji walivyovimiliki, yaani majengo makuu yanayotoa wanakijiji, kwa hiyo walisukumwa kupanuka.

Tazameni kilichofanyika hapo. Hakuna maandishi yanayomwambia mchezaji kwamba watu wa Odin waliitukuza vita au kwamba Mafarao walijenga mambo makubwa. Anayajua kwa vidole. Dakika ya sita akiwa hana radhi anaanza kuvamia, au anaanza kujenga, na tabia ya taifa zima inamtoka mkononi bila mwalimu.

Sasa miungu wenyewe. Mwanzoni unachagua mungu mkuu mmoja, na kila unapopanda zama, yaani hatua ya maendeleo ya taifa lako kati ya hatua nne, unachagua mmoja kati ya miungu wadogo wawili. Mara tatu, wawili wawili: kila mungu mkuu ana njia nane. Mwaka 2002 walikuwa wakuu tisa, Zeus, Poseidon na Hades kwa Wagiriki, Ra, Isis na Set kwa Wamisri, Odin, Thor na Loki kwa Skandinavia. Njia sabini na mbili, na uliyoiacha huirudii tena katika mchezo huo. Ukicheza na Zeus, zama ya pili inakutaka umchague Athena, anayekuletea Minotaur, mtu mwenye kichwa cha fahali, au Hermes, anayekuletea Centaur, nusu mtu nusu farasi, na nguvu ya kusimamisha vita kwa muda. Anayejua kwamba jirani yake atamvamia mapema humchukua Hermes, mishale inapoanza kuanguka anasimamisha vita, na katika muda ule anafikisha askari waliokuwa njiani. Asiyejua huitumia nguvu ile wakati yeye ndiye anayeshinda, akamwokoa adui.

Viumbe pia wametungwa hivyo hivyo. Hydra wa Dionysus huota vichwa kadiri anavyoua, basi ukimwona bado ana kichwa kimoja mshughulikie sasa hivi, usingoje. Colossus wa Hephaestus hula miti na dhahabu ili ajitibu, kwa hiyo mweke karibu na msitu anapopigana. Phoenix wa Thoth akiuawa huacha yai, na anayeondoka akishangilia bila kulivunja atamwona tena. Askari wa Hades wakifa, baadhi yao hurudi kama vivuli, maana Hades ndiye mwenye nyumba ya wafu. Kila kanuni kati ya hizi ni ngano nzima iliyofupishwa kuwa kitendo kimoja.

Mfano tunaoupenda kupita yote ni Ragnarok, nguvu ya Baldr katika zama ya nne ya Skandinavia. Katika ngano zao Ragnarok ni vita vya mwisho ambamo hata miungu wanakufa. Watungaji wangeweza kushusha moto kutoka mbinguni wakaishia hapo. Wao waliandika kanuni moja tu: wakusanyaji wako wote na vibeti wako wa migodini wanageuka mashujaa papo hapo. Hakuna mkulima tena, hakuna mkata miti, uchumi umekwisha, na umebaki na jeshi kubwa lisilo na wa kulilisha. Mchezaji anayebonyeza nguvu ile anaujua mwisho wa dunia ulivyo, kwa sababu ameuchagua mwenyewe.

Ragnarok ina namna ya kutumiwa vizuri. Kwanza weka akiba. Mkusanyaji ni chakula 50, kwa hiyo chakula 1000 ghalani ni wakusanyaji ishirini utakaowaita tena mashujaa wakishaanza kufa. Pili, itumie idadi yako ya watu ikiwa imejaa, kwani hapo huwezi kuongeza askari kwa njia nyingine yoyote. Tatu, hakikisha jeshi la kawaida la adui limekwisha kupungua na unajua kituo chake kikuu kiko wapi. Makosa yanayorudiwa ni mawili: kuitumia ghala likiwa tupu, halafu vita ikigonga ukuta hakuna kinachofuata, na kuitumia kwa hofu nyumbani kwako, mashujaa wakafukuza kikosi kidogo cha wapanda farasi ramani nzima huku mashamba yamelala.

Retold imebadilisha jambo moja linalogusa haya yote, na wachezaji wakongwe bado wanabishana juu yake. Zamani nguvu ya mungu ilikuwa ya mara moja kwa mchezo mzima. Ni Waatlantis pekee walioweza kuirudia. Sasa kila taifa linaweza kuirudia baada ya kungoja, ya kwanza bure, zinazofuata kwa radhi, na bei inapanda. Wapo wanaosema uzito umepotea. Sisi tunaona mabadiliko haya ni sahihi. Zamani wanaoanza walikuwa wanashindwa huku nguvu tatu zimekaa juu ya kioo hazijaguswa, kwa kuogopa kuzipoteza. Zaidi ya hapo, radhi sasa zina kazi ya kugombaniwa: kiumbe mmoja zaidi, utafiti wa hekalu, au radi ya pili ya Zeus inayoua askari yeyote umtakaye? Uamuzi ambao zamani ulikuja mara nne kwa mchezo sasa unakuja kila dakika chache.

Kwa wanaotaka kuanza leo usiku, tuseme mambo ya mkono. Kituo cha mji kisilale hata kidogo. Mwanakijiji wa Kigiriki ni chakula 50 na takriban sekunde 15. Kituo kikikaa kimya nusu dakika umepoteza watu wawili, pamoja na vyote ambavyo wangekusanya hadi mwisho. Panga foleni ya wawili watatu, usipange kumi, maana chakula cha walio kwenye foleni kinakatwa mara moja na kitakukosesha zama. Zama ya pili inataka chakula 400 na hekalu. Ya tatu inataka chakula 800 na dhahabu 500, pamoja na karakana ya silaha. Ya nne ni chakula 1000 na dhahabu 1000, na soko liwe limesimama. Someni bei hizo polepole: zama ya pili haidai hata punje moja ya dhahabu. Anayeanza na Wagiriki akaweka watu sita mgodini tangu dakika ya kwanza amejichelewesha bila sababu. Watu wengi zaidi wawe kwenye nyama, wachache kwenye mbao kwa nyumba na hekalu, na dhahabu iguswe wakati unakaribia kupanda. Mmisri yuko tofauti, majengo yake mengi ni bure au hulipiwa dhahabu, kwa hiyo kwake mgodi haungoji. Naye Farao asiachwe akitembea ovyo, mweke abariki jengo ambalo mizigo inashushwa, kazi pale itakwenda kasi.

Wanyama wa kuwinda wako mbali na kituo? Jengeni ghala kando yao. Mwendo mrefu wa kubeba nyama ndio mwizi mkubwa wa uchumi, na humwoni mpaka umtafute.

Wazee wanaocheza bao hapa mjini watalielewa jambo hili upesi kuliko sote. Katika namua, awamu ya kwanza ya bao, una kete 22 mkononi, unaziingiza moja moja, na kila uliyoiweka ndiyo itakayoamua una nini mtaji, awamu ya pili, ukifika. Zama mbili za mwanzo ni namua. Anayekimbilia kula bila kutazama nyumba yake atafika mtaji mtupu.

Katika vita, kanuni ni fupi. Askari wa miguu wenye mikuki na mapanga huwashinda wapanda farasi, wapanda farasi huwashinda wapiga mishale, wapiga mishale huwashinda wa miguu. Juu ya hapo kuna duara la pili: viumbe wa ngano huwashinda binadamu wa kawaida, mashujaa huwashinda viumbe, na binadamu wa kawaida wakiwa wengi huwamaliza mashujaa kwa bei nafuu. Watu hushika duara la kwanza wakasahau la pili. Mtu anatoa Cyclops wanne, adui anatoa mashujaa wanne, na mwenye Cyclops anashangaa kwa nini majitu yanaanguka kama nazi. Kabla ya kutumia radhi, tuma mpelelezi aangalie mwenzio ana mashujaa wangapi. Na mashujaa ndio wanaobeba masalia matakatifu yaliyotawanyika kwenye ramani na kuyaweka hekaluni, kila moja likiwa na faida yake, kwa hiyo shujaa aliyesimama tu nyumbani ni hasara.

Kuna kanuni nyingine ambayo haisifiwi vya kutosha. Kituo kipya cha mji hakijengwi popote upendapo. Kinajengwa juu ya mahame yaliyowekwa kwenye ramani tangu mwanzo. Katika toleo la 2002 nyumba moja ilibeba watu kumi na ulijenga nyumba kumi tu, ukitaka watu zaidi lazima uyachukue mahame. Hivyo mchezo unalazimishwa utoke nje. Huwezi kujificha pembeni ukangoja, na wachezaji wawili wanajua mapema watagombania wapi.

Retold ina mpango wa kuwagawa wanakijiji wenyewe kwa wenyewe: unaweka uwiano wa chakula, mbao na dhahabu, nao wanajipanga. Umewasaidia sana wanaotumia padi badala ya kibodi. Anayejifunza autumie, lakini ajue kwamba hautabiri nia yake. Ukitaka kupanda zama ya tatu, badilisha uwiano kuelekea dhahabu kabla ya kuihitaji, dakika moja au zaidi, kwani watu wanatembea, hawaruki. Wanaocheza peke yao waanze na masimulizi ya Arkantos, jemadari wa meli za Atlantis, hatua 32 zinazompeleka Troy, Misri hadi Skandinavia akimfukuza jitu Gargarensis. Yatakufundisha mataifa matatu kwa mpangilio mzuri kuliko somo lolote. Na maneno ya siri ya zamani bado yana raha yake kwa anayecheza peke yake: JUNK FOOD NIGHT huleta chakula, ATM OF EREBUS huleta dhahabu. Msiyategemee, mkono haujifunzi kitu.

Kuhusu mashine, joto na chumvi ya hewa ya pwani ni adui wa kweli. Vita kubwa ya askari mia mbili huchemsha kompyuta mpakato mpaka inajipunguzia kasi, na mchezaji anadhani gemu ni mbovu. Inueni mashine kutoka mezani ipate hewa chini, safisheni feni, kisha punguzeni vivuli na ubora wa maji kabla ya kupunguza kitu kingine. Hifadhini mchezo mara kwa mara, kwa sababu stima hukatika bila kubisha hodi.

Sasa tuseme na wale wenye ndoto ya kutengeneza gemu, ambao tunajua wapo humu. Ikiwa nguvu ya gemu hii iko katika kugeuza ngano kuwa kanuni, basi sisi watu wa pwani tunazo ngano, na kazi ya kuzigeuza bado inatungoja. Msianze na picha. Anzeni na swali: ngano hii inamlazimisha mchezaji afanye nini?

Mchukueni Fumo Liyongo. Kila mtoto hapa ameambiwa kwamba hakuna silaha iliyomdhuru isipokuwa sindano ya shaba kitovuni, na kwamba aliyeijua siri hiyo na kuitumia alikuwa mwanawe mwenyewe. Kumfanya Liyongo askari mwenye uhai mwingi ni kuipoteza ngano. Kanuni iwe hivi: mishale na mikuki haimwondolei kitu. Ili kumwangusha, adui lazima kwanza ainunue siri, kisha amshawishi mtu wa upande wa Liyongo. Mchezaji mwenye Liyongo naye anaona kwamba siri imenunuliwa, lakini haambiwi ni nani kati ya watu wake aliyeshawishika. Hapo mna usaliti ndani ya kanuni, na mchezaji ataanza kuwatazama watu wake kwa jicho jingine.

Haijaisha. Ngano inasema alikufa amepiga goti kisimani, upinde mkononi, na watu wa mji wakaogopa kwenda kuteka maji wakidhani yu hai. Basi kanuni ya pili: Liyongo akifa, mwili wake unabaki mahali alipoanguka kwa muda, na hakuna mwanakijiji wa adui anayeweza kukusanya chochote karibu naye. Mchezaji mjanja atachagua mahali pa kumfia shujaa wake. Na ile ya gerezani, alipokata minyororo kwa tupa iliyofichwa katika mkate huku ngoma na upatu vikifunika mlio: mfungwa anaweza kutoroka pale tu adui anapofanya sherehe. Adui sasa anazitaka faida za sherehe na anaziogopa.

Na pepo za msimu je? Kaskazi na kusi ziligawa mwaka wa biashara hapa kwa karne nyingi. Majahazi yanayokuja kwa nusu ya mchezo na kuondoka kwa nusu nyingine, bila kurudi nyuma, ni soko ambalo hakuna gemu ya Wagiriki inayolihitaji.

Hatari ya Liyongo kama tulivyomweleza iko wazi: shujaa asiyedhurika huua mchezo. Mwenzio akishamwona anaacha kucheza. Kwa hiyo awe mmoja, awe polepole kuliko farasi, asivunje majengo haraka, na bei ya siri isiwe kubwa mno. Bei hiyo haijulikani kwa kukaa na kufikiri; inajulikana kwa kujaribu. Kateni kadi kutoka boksi la karatasi, chukueni kete za bao ziwe mali, choreni visima vinne juu ya kartasi ya manila, mchezaji mmoja apewe Liyongo na mwingine apewe askari wa kawaida wa thamani hiyo hiyo. Chezeni michezo kumi mkibadilishana pande, na aandike mtu wa tatu asiyecheza. Upande wa Liyongo ukishinda minane, teremsheni bei ya siri kwa kete mbili mrudie kumi nyingine. Ukishinda miwili, ongezeni muda wa mwili kubaki kisimani kabla ya kugusa kitu kingine. Badilisheni namba moja tu kila duru, la sivyo hamtajua ni ipi iliyofanya kazi. Kadi na kete ziko kwenye meza ya mlangoni, na tumebaki na saa mbili kabla ukumbi kufungwa. Karibuni.